Kulea mtoto mwenye selimundu: Mzigo usioandikwa kwenye kadi ya kliniki

Miezi sita ya kwanza huwa ya raha. Mtoto ananyonya vizuri, anaongezeka uzito, wauguzi wanamsifia, na mstari wake kwenye kadi ya kliniki unapanda inavyotakiwa. Hakuna anayeshuku kitu, kwa sababu mtoto aliyezaliwa na selimundu huja duniani na kinga ya muda: damu aliyotoka nayo tumboni ina aina ya himoglobini isiyopindisha chembe. Himoglobini hiyo hupungua kidogo kidogo, na kadiri inavyopungua ndivyo ile ya urithi inavyoshika nafasi. Halafu asubuhi moja mama anamwogesha mwanawe, anakuta vidole vimeumuka, migongo ya viganja imejaa, na mtoto anapiga kelele kila akiguswa.

Vidole hivyo ndivyo vinavyoanzisha safari ya familia nyingi. Mmoja anasema ameumwa na mdudu. Mwingine anasema alilaliwa usiku. Bibi anashauri achuliwe kwa mafuta ya nazi, jirani anamjua mtu wa kumchanja chale. Kituo cha afya kinapima malaria na kutoa dawa ya maumivu, uvimbe unashuka, watu wanashukuru. Mwezi unaofuata uvimbe umehamia miguuni. Wapo watoto wanaoongezewa damu mara mbili au tatu kabla mtu yeyote hajalitamka jina la ugonjwa mbele ya wazazi wao.

Jina likishatamkwa, huleta mambo mawili kwa pamoja. Kuna unafuu, maana kinachomtesa mtoto kimejulikana, na kuna mshtuko wa kuambiwa kwamba si ugonjwa wa kumeza dozi ukaisha. Mzazi anatoka kwa daktari na maagizo mkononi: penisilini kila siku mpaka mtoto afikishe miaka 5, foliki asidi, kinga ya malaria, chandarua, maji mengi, asipigwe na baridi, akipata homa aletwe mara moja. Ni maagizo mazuri na yanaokoa maisha. Mwaka 1986 watafiti wa Marekani walichapisha matokeo ya jaribio la penisilini kwa watoto wadogo wenye selimundu. Maambukizi hatari ya bakteria wa nimonia yalipungua kwa asilimia 84, na jaribio likasimamishwa kabla ya wakati wake ili watoto wote waliokuwemo wapewe dawa. Lakini yasome maagizo hayo kuanzia juu mpaka chini: kila mstari ni kazi ya mzazi, na hakuna mstari unaouliza kama mzazi huyo ana nguvu ya kuifanya.

Wazazi wa aina hii si wachache. Mwaka 2021 inakadiriwa kwamba watoto 515,000 walizaliwa na selimundu duniani, zaidi ya robo tatu yao kusini mwa Jangwa la Sahara. Tanzania inakadiriwa kupata watoto wapatao 11,000 wa namna hiyo kila mwaka, na iko kwenye kundi moja na Nigeria, Kongo na India kwa wingi wa wagonjwa. Huko Kanda ya Ziwa, sampuli 17,200 za damu ya watoto wachanga, zilizokuwa zimekusanywa kwa ajili ya kupima VVU, zilipimwa tena kutafuta selimundu. Matokeo yaliyochapishwa mwaka 2020 yalionyesha kwamba asilimia 1.2 ya watoto hao walikuwa na ugonjwa, na asilimia 20.3, yaani mtoto mmoja katika kila watano, walikuwa wabebaji wa kinasaba bila kuumwa. Ukisimama kwenye foleni ya kliniki ya watoto Mwanza au Geita, karibu nawe yupo mtu anayehusika na habari hii.

Ugonjwa wenyewe unaeleweka vizuri. Chembe nyekundu ya kawaida ni laini, inapenya kwenye mishipa myembamba na kuishi takribani siku 120. Ya mgonjwa wa selimundu ikipungukiwa oksijeni hukakamaa na kupinda umbo la mundu, huishi kati ya siku 10 na 20 tu, na zikikusanyika huziba njia ya damu. Pale palipozibwa ndipo panapouma. Ndiyo maana maumivu yanaweza kuwa ya kifua leo na ya nyonga kesho, na ndiyo maana macho huwa ya njano na damu hupungua kila mara. Tangu mwaka 2004, timu ya Hospitali ya Taifa Muhimbili na Chuo Kikuu cha Muhimbili, ikiongozwa na Profesa Julie Makani, imekuwa ikiwafuatilia maelfu ya wagonjwa mwaka baada ya mwaka, na mengi yanayojulikana kuhusu maisha ya watoto hawa Afrika Mashariki yametoka katika kazi hiyo.

Kinachowachosha wazazi, hata hivyo, mara nyingi huanzia nyumbani, na huanza kwa swali moja: damu hii imetoka kwa nani?

Swali hilo karibu kila mara huelekezwa kwa mama. Upande wa mume wanasema kwao ugonjwa huu haujawahi kuonekana. Mawifi wanahesabu watoto wa dada zao walio wazima. Mwaka 2011, Vicki Marsh, Dorcas Kamuya na Sassy Molyneux walichapisha utafiti walioufanya kwa familia za vijijini Kilifi, pwani ya Kenya, zenye watoto wa selimundu. Walikuta kwamba lawama na kazi ya kuuguza vyote vilikuwa vimeelemea upande mmoja, wa mama. Ndoa zilitikiswa, na namna baba na ukoo wake walivyoupokea ugonjwa ndiyo iliyoamua kwa kiasi kikubwa kama mama atapata pumzi au atabaki peke yake. Mama anayebebeshwa lawama hiyo hana nafasi ya kuhuzunika. Akilia, ataambiwa anajiombea mabaya. Akinyamaza, ataambiwa anajua alichokifanya.

Jibu la kisayansi liko wazi na lingefaa kusemwa kwa sauti mbele ya baba, mama na wakwe. Mtoto hawezi kupata aina hii kali ya selimundu mpaka apokee kinasaba kimoja kutoka kwa mama na kimoja kutoka kwa baba. Wazazi wote wawili wakiwa wabebaji, kila mimba ina uwezekano wa robo wa kuleta mtoto mgonjwa, nusu wa kuleta mbebaji, na robo wa kuleta mtoto asiye na kinasaba kabisa. Ni kila mimba. Wapo wazazi wanaoelewa kwamba wakishampata mgonjwa mmoja, watatu wanaofuata watakuwa wazima, na huzaa kwa matumaini hayo. Kosa si lao. Walielezwa kwa dakika tatu, wamesimama mlangoni, mtoto analia mgongoni.

Na hicho kinasaba hakikuja kwa laana. Anthony Allison, daktari aliyekulia Kenya, alizunguka Afrika Mashariki akipima damu za watu, na mwaka 1954 akaonyesha kwamba wabebaji wa kinasaba kimoja wanakingwa dhidi ya malaria kali. Ndiyo maana kimeenea zaidi pwani na kuzunguka Ziwa Victoria, kwenye mbu wengi, kuliko kwenye nyanda za juu zenye baridi. Babu na bibi walionusurika na malaria wakiwa wachanga, pengine kwa sababu ya damu hiyo, ndio waliowarithisha wajukuu. Mama anayenyooshewa kidole ukweni anastahili kuijua habari hii, na wanaomnyooshea kidole wanastahili zaidi.

Usiku ndio wakati mgumu kuliko wote. Kwa mtoto mwingine, homa ya saa sita usiku inaweza kusubiri asubuhi. Anapewa panado, anapanguswa kwa maji, watu wanalala. Kwa mtoto wa selimundu, homa inayofika nyuzi 38.5 ni ya kuondoka nayo usiku huohuo, kwa sababu bandama lake haliwezi tena kumlinda na bakteria na hali inaweza kuharibika ndani ya saa chache. Kwa hiyo mama analala na kipimajoto karibu na mto. Anaamka kumgusa paji la uso. Anajua namba ya bodaboda anayekubali kutoka saa nane za usiku, anajua ni nani atakayebaki na wale wengine, na fedha ya nauli iko kwenye kitambaa ambacho hakiguswi hata mchele ukiisha. Mwezi wa sita na wa saba, Mbeya, Njombe au Arusha, baridi yenyewe inamtisha.

Kuna jambo lingine anafundishwa kufanya, na linahitaji kuelezwa kwa utaratibu. Mtoto analazwa chali, magoti yamekunjwa kidogo ili tumbo lilegee. Mama anaweka vidole vya mkono wake chini ya mbavu za kushoto, anabonyeza taratibu mtoto anapovuta pumzi. Bandama likiwa limevimba, litakuja kugusa ncha za vidole. Anaweza kutia alama ya kalamu pale ukingo unapoishia, ili kesho ajue kama limeongezeka. Kazi hiyo haichukui muda, wala haihitaji kifaa chochote, lakini inahusu moja ya hatari kubwa kuliko zote za utotoni: bandama kunasa sehemu kubwa ya damu ya mwili kwa ghafla, mtoto akageuka mweupe, akalegea na kufa kabla ya kufika hospitali.

Jamaika ndiko ilikoonekana wazi kwamba vidole vya mzazi vinatosha. Tangu mwaka 1973 Graham Serjeant na wenzake walipima watoto 100,000 waliozaliwa Kingston na kuwafuatilia waliokutwa na selimundu. Walipoona vifo vya bandama, waliwafundisha wazazi kulipapasa. Kabla ya mafunzo, kati ya kila matukio 100 watoto 29 walikufa. Baada ya mafunzo walikufa 3. Idadi ya matukio yaliyogunduliwa iliongezeka zaidi ya maradufu, kwa kuwa sasa kulikuwa na mtu anayeyatafuta. Hakuna dawa mpya iliyoleta tofauti hiyo, na matokeo yake yalitangazwa mwaka 1985.

Takwimu hiyo inafaa kutazamwa kwa pande zote mbili. Upande mmoja unaonyesha kwamba mzazi ni sehemu ya tiba, si msindikizaji wa mgonjwa anayeambiwa asubiri nje. Upande wa pili unaonyesha uzito aliobebeshwa: uhai wa mtoto umewekwa kwenye ncha za vidole vya mtu aliyeamka alfajiri, akauza vitumbua, akafua, akasimama foleni ya dawa, na usiku anatakiwa awe macho. Mfumo wa afya ukishamkabidhi mtu kazi ya namna hii, una wajibu wa kuangalia hali yake. Mpaka sasa haufanyi hivyo.

Halafu kuna fedha. Sera ya afya ya Tanzania inasema watoto wa chini ya miaka 5 watibiwe bure kwenye vituo vya umma, na mahali pengi wanamuona daktari bila kulipa. Dawa ikikosekana dirishani, mzazi anaelekezwa duka la nje. Kuna kipindi wazazi wengi walikuwa na Toto Afya Kadi, bima ya shilingi 50,400 kwa mwaka kwa mtoto mmoja, na kwa mwenye mtoto wa selimundu kadi hiyo ilikuwa ndiyo tofauti kati ya kulala wodini na kuuza kiwanja. Mwaka 2023 utaratibu huo ulibadilishwa, uandikishaji ukaelekezwa kupitia shuleni. Walioandikishwa mmoja mmoja walikuwa wengi wao tayari ni wagonjwa, na kwa hesabu za bima hilo ni tatizo la kweli. Kwa familia, ulikuwa ni mlango uliofungwa. Mwaka huohuo Bunge lilipitisha Sheria ya Bima ya Afya kwa Wote. Wazazi wa watoto wenye magonjwa ya kudumu ndio wanaosubiri utekelezaji wake kwa hamu kuliko mtu yeyote.

Pengo likiwapo, linajazwa na mikopo. Kikoba kinatosha mara ya kwanza na ya pili. Mara ya tatu ni mkopo wa kausha damu, ule wa kurudisha kila siku au kila wiki na riba inayomaliza mtaji, na wakopeshaji wake hawana habari kwamba mtoto amelazwa. Damu nayo ina gharama yake hata inapotolewa bure: ndugu wanaombwa waje kuchangia ili akiba ya benki isipungue, na ndugu haohao walikuja mwezi uliopita. Wapo wanaozima simu wakiona namba ya mama huyo. Hawana ubaya wote, wamechoka, lakini yeye anahesabu kila simu isiyopokelewa.

Ipo dawa inayoweza kupunguza safari hizi. Haidroksiurea huamsha tena ile himoglobini ya tumboni iliyomkinga mtoto miezi ya mwanzo. Marekani iliiidhinisha kwa watu wazima mwaka 1998, na kwa watoto mwaka 2017, miaka karibu 20 baadaye. Kwa muda mrefu kulikuwa na wasiwasi kwamba kwa watoto wa Afrika, wenye malaria na utapiamlo, ingeleta madhara. Jaribio lililoshirikisha watoto 606 huko Luanda, Kinshasa, Kilifi na Mbale liliondoa hofu hiyo. Matukio ya maumivu yalishuka kutoka 98 hadi 45 kwa kila watoto 100 kwa mwaka, kuongezewa damu kukashuka kutoka mara 43 hadi 14, malaria ikapungua kwa nusu, na vifo vikashuka kutoka 3.6 hadi 1.1. Namba hizo zikigeuzwa kuwa maisha ya nyumbani, ni usiku mwingi wa kulala, siku nyingi za kufungua biashara, na ndugu wengi wasioombwa damu. Hakuna semina ya kupunguza msongo wa mawazo inayoweza kumfanyia mama huyo kile ambacho dawa hii ikipatikana kila mwezi, kwa bei anayoimudu, inamfanyia.

Bado haipatikani hivyo. Vidonge vingi vya dawa hii ni vya miligramu 500, vikubwa kuliko dozi ya mtoto wa miaka miwili, na matumizi yake yanataka kipimo cha damu mara kwa mara, kipimo ambacho zahanati ya kijijini haina.

Shule inapoanza, mzazi anapata hofu mpya: sasa mtoto yuko mbele ya watu wasiomjua. Figo za mtoto wa selimundu hupoteza mapema uwezo wa kubakiza maji mwilini. Anakunywa sana, kama alivyoagizwa, na anakojoa sana. Darasani anaomba ruhusa mara nyingi kuliko wenzake, na mwalimu asiyejua anaona utoro. Usiku analowanisha godoro hata akiwa na miaka 10 au 12, na mahali ambapo kikojozi huchapwa au huimbwa mbele ya watoto wenzake, anaadhibiwa kwa ajili ya figo zake. Asubuhi yenye mvua anapangwa mstarini na sweta jepesi. Anaambiwa akimbie mchakamchaka. Mama anayekwenda kumwona mwalimu mkuu na barua ya daktari anaombea asionekane msumbufu. Baadhi ya walimu wakielezwa mara moja tu hubadilika kabisa: wanamruhusu kuweka chupa ya maji juu ya dawati, wanamkalisha karibu na mlango, wanapiga simu mapema.

Kuna hatari moja ambayo inawaacha wazazi bila usingizi hata mtoto anapoonekana mzima. Kiharusi. Bila kinga, takribani mtoto mmoja kati ya kumi wenye aina kali ya selimundu hupata kiharusi kabla ya kufikisha miaka 20, na wengi hupata wakiwa bado wadogo. Kipo kipimo cha mawimbi ya sauti kinachopima kasi ya damu kwenye mishipa ya kichwa na kubaini walio hatarini, na wakitibiwa mapema wengi huepuka. Kipo kwenye hospitali chache kubwa. Mzazi aliye Kigoma au Ukerewe anaishi akitazama kama mtoto ameshika kijiko kwa mkono uleule wa jana.

Ndugu wa mgonjwa nao wanalelewa ndani ya hali hiyo. Dada wa miaka tisa anajua kupika uji na kumfunga mdogo mgongoni kwa sababu mama yuko wodini. Anajua pia kwamba hatakiwi kuumwa. Watoto hawa hawalalamiki, na kutolalamika kwao husifiwa kama ukomavu, wakati walimu wao wanaona alama zinashuka.

Akina baba hutajwa kwa ubaya mara nyingi, na wapo wanaostahili: walioondoka, waliooa upya ili kupata watoto wazima. Lakini wapo pia wanaolala kwenye mabenchi ya nje ya wodi kwa sababu wodi ya watoto ni ya akina mama, wanaoendesha pikipiki usiku kucha kufidia bili, na ambao hakuna aliyewahi kuwauliza wanajisikiaje. Mwanamume aliyefunzwa asilie huwa na njia chache za kuonyesha amezidiwa, na hasira na pombe ni mbili kati yake. Kliniki inayomwita baba siku ya kwanza, ikampima damu, ikamweleza kwa heshima kwamba yeye na mkewe wamechangia sawasawa, inazuia mengi kabla hayajatokea.

Msongo wa aina hii una dalili zinazojulikana. Usingizi haurudi hata mtoto akiwa salama. Mama anasahau vitu, anashtuka kwa kila simu, anakonda au ananenepa, anawafokea watoto kisha analia chooni. Wengine hufika mahali pa kutosikia chochote, wanatoa dawa na kupika kwa mazoea tu. Huyo wa mwisho ndiye wa kuhofia zaidi, kwa sababu haonekani anaumwa, na yeye ndiye anayetakiwa kuhisi bandama likivimba.

Yanayowezekana kufanyika hayahitaji wataalamu wengi. Zimbabwe, daktari wa magonjwa ya akili Dixon Chibanda alianza mwaka 2006 kuwafunza bibi wa mitaani kukaa kwenye benchi nje ya zahanati na kuzungumza na watu waliolemewa na mawazo. Jaribio lililofanyika Harare na kuchapishwa mwaka 2016 lilionyesha kwamba miezi sita baadaye, waliozungumza na bibi hao walikuwa na dalili chache za sonona kuliko waliopata huduma ya kawaida. Mpango huo umefika mpaka Zanzibar. Hakuna sababu ya benchi la namna hiyo kukosekana kwenye siku ya kliniki ya selimundu, pale ambapo akina mama hukaa tangu saa moja asubuhi mpaka saa nane mchana wakitazamana. Wenye uzoefu wapo tayari kwenye foleni: mama aliyemfikisha mwanawe chuo ana maneno ambayo daktari hana.

Kuwaona watu wazima wanaoishi na ugonjwa huu kuna nguvu yake pia, kwa sababu wazazi wengi wameshaambiwa mtaani kwamba watoto hawa hawavuki miaka 18. Arafa Salim Said, Mtanzania anayeishi na selimundu, alianzisha jumuiya ya wagonjwa na amekuwa akiwasemea hadharani. Kenya yuko Lea Kilenga, mzaliwa wa Taita Taveta, aliyeanzisha shirika linalowatafuta na kuwaunganisha wagonjwa. Mzazi wa mtoto wa mwaka mmoja akimsikiliza mwanamke mzima akieleza alivyosoma, alivyolazwa na alivyofanya kazi, anapata kitu cha kupangia miaka ijayo.

Matumaini mapya nayo yanakuja na maswali yake. Tangu mwaka 2023, Hospitali ya Benjamin Mkapa, Dodoma, imeanza kuwapandikiza uloto watoto wenye selimundu, tiba inayoweza kuuondoa ugonjwa kabisa. Inahitaji mchangiaji, na anayefaa zaidi ni kaka au dada wa baba na mama mmoja ambaye vinasaba vyake vinaoana. Kwa hiyo ndani ya nyumba moja watoto wanapimwa, na majibu yanawagusa wote: yule anayeoana na hataki kuchomwa sindano, yule asiyeoana na anajiona amemwangusha mdogo wake, na wazazi wanaojiuliza kama wazae tena. Mwishoni mwa 2023 Uingereza na Marekani ziliidhinisha tiba ya kuhariri vinasaba, na bei iliyotangazwa Marekani ni dola milioni 2.2 kwa mgonjwa mmoja. Mama wa Temeke aliyeisikia habari hiyo redioni ameambiwa kwamba ugonjwa wa mwanawe unatibika, na kwamba si kwa ajili yake. Ni haki yake kukasirika.

Mtoto akikua, kazi ya mzazi inabadilika. Miaka kumi amekuwa akikumbusha maji, akihesabu vidonge, akikataza kuogelea kwenye maji baridi. Sasa kijana anataka kwenda bweni, anaficha dawa ili wenzake wasijue, anacheza mpira mpaka anaanguka. Madaktari hushauri makabidhiano yaanze mapema, kuanzia miaka 12 hivi: kijana ajue jina la ugonjwa wake, ajue kiwango chake cha damu siku akiwa mzima, amweleze daktari mwenyewe huku mama yuko kimya pembeni. Kwa mama aliyezoea kujibu kila swali, kunyamaza huko ni kugumu kuliko kukesha.

Kwa wavulana kuna jambo ambalo mama huenda asiambiwe kamwe. Selimundu inaweza kusababisha uume kusimama wenyewe kwa muda mrefu na kwa maumivu makali, mara nyingi usiku, bila hamu yoyote. Hali hiyo ikizidi saa nne mfululizo inahitaji hospitali haraka, la sivyo inaweza kuharibu nguvu za kiume moja kwa moja. Vijana wengi huvumilia mpaka asubuhi kwa aibu, wakidhani ni adhabu ya mawazo yao. Hapa ndipo baba, mjomba au kaka anapohitajika: amweleze kijana kabla hajapevuka kwamba ni damu iliyonasa, ni ugonjwa uleule wa vidole vyake vya utotoni, na kwamba ikitokea amgongee mlango saa yoyote.